Mlo Ambao Hatukuula Pamoja

Baba yangu hakuwahi kula mbele ya mama mkwe wake. Naliweka hilo hapa kabla ya neno lingine lolote, kwa sababu ipo picha inayosema kwamba alikula, na mimi nimechoka na picha hiyo. Ni sinema fupi isiyo na sauti, ya wakati wa Wabelgiji. Ndani yake tumo baba, mama, bibi mzaa mama, mtoto mchanga na mimi mwenyewe, nyumbani kwetu Kasongo, tunakula. Watu wameitazama wakasema, ona jamaa nzuri hii. Jamaa nzuri tulikuwa, sikatai. Lakini mlo ule haukuwepo, na nitaeleza mpaka nimalize, anayetaka kuondoka aondoke.

Nianze na sinema iliyotangulia hiyo yetu, maana ubaya wote ulitoka huko. Alikuja Mzungu mmoja mrefu, shingo nyekundu, na lori lenye injini ya kufua umeme iliyokohoa bila kupumzika. Akatundika kitambaa cheupe katika uwanja wa misioni. Alikuwa na karani wake, mtu mweusi kama sisi lakini wa mbali, aliyevaa koti na kushika bomba la kusemea. Kwa kuwa picha zenyewe hazikuwa na sauti, kazi ya karani ilikuwa kutuambia tunaona nini. Jua lilipozama tu, kitambaa kikawaka.

Tulingoja simba, tukangoja vita. Kumbe wapi! Mwanamke wa Kizungu anakanda unga wa mkate. Mumewe anaingia, anatundika kofia, anakaa mezani. Mtoto anamvua kiatu. Mbwa analamba sahani. Basi, hiyo ndiyo sinema. Tulicheka mpaka tukashika mbavu, maana hatukujua kwamba Mzungu naye huvuliwa kiatu.

"Mulango wazi, watu wanakula, na hawaite mutu!" alipaza sauti mama mmoja nyuma yangu. "Choyo gani hii?"

"Wamepika kidogo," mwingine akamjibu.

Kwenye kona ya nyumba ile alikaa kizee mwanamke, anafuma kitu kwa sindano mbili ndefu. Akasogeza kiti chake mpaka mezani, akakaa uso kwa uso na yule bwana, akaanza kula. Karani akasema katika bomba lake, "Huyu ni mama ya bibi ya nyumba."

Uwanja ukalipuka. Mama ya bibi? Mama mukwe? Na bwana iko natafuna! Wanawake walijifunika nyuso kwa kanga. Wanaume walipiga miluzi. Baba yangu alitushika mikono, mama na mimi, akatutoa pale, naye mwenyewe akicheka kwa aibu. Njia nzima alikuwa akitikisa kichwa. "Wenzetu hawa hawana haya hata kidogo," alisema.

Kwetu, na sidhani ni kwetu peke yetu, mwanaume na mama wa mke wake hawaonani midomo. Kumwona mkwe wako anatafuna ni kama kumwona uchi. Wakikutana njiani, mmoja anaingia majanini. Si chuki, msinielewe vibaya. Ni heshima, na heshima kubwa kuliko zote, kwa sababu yule mama amekupa mtu aliyemzaa mwenyewe.

Muda si mrefu mama yangu alijifungua mtoto wa kiume, na bibi akaja kwa miguu kutoka kwake Wamaza kumsaidia. Alikaa katika nyumba ya jikoni, nyuma. Baba akitaka kupita upande ule alikohoa kwenye pembe ya ukuta, bibi akavuta kitambaa usoni. Maneno yao yalipita kwangu. Bibi aliniambia, baba akiwa hapo hapo nyuma ya ukuta, "Mwambie baba yako mvua inakuja, atoe mbao zake nje." Baba akasema, "Mwambie mama nimesikia." Nami nilikimbia kwenda na kurudi nikiyasema tena yote, ingawa kila mmoja alikuwa amesikia kwa masikio yake. Niliipenda sana kazi ile.

Baba alikuwa seremala wa misioni. Alikuwa amechonga meza kubwa ya nyumbani kwetu pamoja na viti vyenye migongo, jambo ambalo majirani wengi hawakuwa nalo. Meza hiyo ndiyo iliyotuponza. Yule Mzungu wa sinema alirudi, safari hii akitafuta nyumba ya watu weusi ya kuweka katika picha, na mtu akamwonyesha kwetu.

Alisimama uani na karani wake, akasema mengi kwa Kifaransa, akinyoosha kidole kwenye meza, kwa mama, kwangu, halafu jikoni.

"Bwana anasema hii ni sinema ya kufundisha," karani akatafsiri. "Watu waone jamaa ya maendeleo. Wote pa meza moja. Baba, mama, watoto, na kizee."

Baba alikuwa ameshika kofia yake mkononi. Baba yangu alikuwa mtu wa kuvua kofia hata kwa mpishi wa mapadri. Alisema polepole, "Bwana, ile haiwezekani."

Karani akatafsiri. Mzungu akasema tena yale yale kwa sauti ya juu zaidi.

"Basi afundishe kitu kingine," baba akajibu.

Karani alikodoa macho. Mama akatokea mlangoni, mtoto kifuani, akasema, "Karani, usipunguze! Sema vile amesema." Mama hakuwa na muda na watu wa kupunguza.

Sijui karani alisema nini. Mzungu alimkazia baba macho, nami nikashika nguo ya mama, maana wakati ule mtu aliweza kufungwa kwa neno dogo kuliko hilo. Halafu Mzungu akacheka, akampiga baba begani. Basi, karani akatuambia, kila mutu atakuwa na saa yake. Baba na mke wake na watoto kwanza. Kizee siku ingine, peke yake. Tulifurahi. Tulidhani tumeshinda.

Siku ya baba tulivaa nguo za misa. Mama alipika bugali, sombe ya majani ya muhogo kwa mawese, na samaki wa mtoni Nyangwe. Mzungu alitupatia uma, nikauchomeka wa kwangu katika bugali ukabaki umesimama wima katikati ya sahani kama nguzo ya bendera, akafurahi sana. Mama alimpakata mtoto, kichwa chake kimejaa nywele nyeusi tii, zile za kuzaliwa nazo. Mzungu alizungusha mkono wa kisanduku chake, tr-tr-tr-tr, huku jasho likimtoka. Halafu karani akamwambia baba, "Bwana anasema angalia kile kiti kitupu. Cheka kidogo. Sasa kula."

Baba akaangalia kiti kitupu, akacheka kidogo, akala. Alidhani ndiyo desturi ya sinema, watu kuchekea viti. Jioni alituchekesha nyumbani kwa kukisalimia kile kiti.

Baadaye mvua ilinyesha siku nyingi na lori halikuja. Katikati ya mvua hizo bibi alimnyoa mtoto. Hiyo ndiyo kazi hasa iliyomleta. Kwetu nywele za tumboni hunyolewa na mama mzaa mama, kwa wembe wake mwenyewe, na akishanyoa ndipo anaweza kuomba ruhusa ya kurudi kwake. Zikitoka zimetoka, hakuna wa pili wa kunyoa. Mdogo wangu alibaki na kichwa kinachong'aa.

Jua liliporudi, Mzungu naye akarudi. Baba alikuwa kazini misioni.

"Mukwe wangu iko wapi?" bibi aliniuliza.

"Iko kwenye kazi."

"Hakika?"

"Hakika, bibi."

Alikataa kukaa kwenye kiti chochote cha baba, na mama akamuunga mkono, mpaka Mzungu akatoa kiti chake cha kukunja ndani ya lori. Alikataa na uma. "Jembe la nini kwa sombe?" aliuliza. Alinawa, akampakata mtoto, akala kwa mkono wake, uso umemkauka. Mzungu alitaka acheke. Akageuza kofia yake mbele nyuma na kutoa ulimi nje. Bibi akacheka kweli kweli, mdomo wazi, fizi zote nje, mabega yanaruka.

"Huyu ni mupumbavu," bibi alisema baada ya Mzungu kuondoka, "lakini mupumbavu muzuri."

Akarudi Wamaza, roho yake nyeupe. Tukasahau.

Baada ya soko la pamba lori lilizunguka na sinema yetu upande wa Kabambare. Lilipofika Wamaza bibi hakwenda kuangalia, mguu ulikuwa unamuuma. Lakini kaka zake mama, wajomba zangu wawili, walikwenda. Nao waliona nini? Waliona baba yangu amekaa mezani, anaangalia mbele yake, anacheka, anatafuna. Mara wakamwona mama yao, uso kwa uso naye, anamchekea mdomo wazi, chakula mkononi. Mara baba tena. Mara mama yao tena. Mzungu alikuwa amekata na kuunga, akatupikia mlo mmoja kwa siku mbili. Na Wamaza yote ilikuwepo.

Walifika kwetu na vumbi la njia, bibi nyuma yao, anachechemea kwa hasira zaidi kuliko kwa mguu. Hawakukubali viti, wala maji. Baba alipomwona bibi alitoka kwa mlango wa nyuma haraka, akasimama nje ya ukuta, na shauri lote likasemwa hivyo, baba nje, wao ndani.

"Tumekuja kuchukua dada yetu," alisema mjomba mkubwa. "Mtu aliyemvua mama yetu nguo mbele ya watu hawezi kubaki na dada yetu."

"Sikula na mama," baba akasema kutoka nje.

"Nimeona kwa macho yangu! Unaniambia macho yangu ni mabaya?"

"Na mimi nimewaambia njia nzima," bibi akasema, "huyu hakuwepo. Hakuwepo! Nilikula na mtoto na Mzungu mwenye ulimi nje."

"Mama, wewe unamficha kwa sababu ya binti yako," alisema mjomba mdogo. "Watu wote wameona meno yako."

"Meno gani? Mimi nina fizi!"

Hakuna aliyecheka. Mama yangu alimkumbatia mtoto mapajani. Nilikuwa mkubwa wa kutosha kuelewa. Mama akienda, yule anayenyonya angekwenda naye, na mimi ningebaki, maana mtoto ni wa upande wa baba. Niliwachukia wajomba zangu, na nawaambia wazi, sehemu ya chuki ile bado ninayo.

Sinema ilikuwa ionyeshwe Kasongo Jumapili ile. Mjomba mkubwa akasema tutaiangalia pamoja mara moja, mbele ya watu wa hapa, asubuhi tuondoke na dada. Hakuna aliyeweza kumgeuza. Mama alifunga nguo zake katika kitambaa kimoja, akaweka fungu mlangoni. Nilimuuliza anafanya nini. Akasema, "Nafunga. Kufunga si kwenda." Lakini sauti yake haikuwa na nguvu.

Uwanja ulijaa. Wanaume upande mmoja, wanawake upande mwingine, bibi nyuma kabisa, amejifunika ili baba asimwone. Kitambaa kikawaka, na sisi hao, wakubwa kuliko nyumba. Watu walishangilia walipotuona. Karani akainua bomba. "Angalieni jamaa ya maendeleo! Baba na mama mukwe wanakula pamoja, hakuna tena mambo ya zamani!"

Kelele zikakatika. Baba akacheka juu pale, bibi akamchekea, baba akatafuna. Mtu mmoja akasema, "Kumbe fundi naye!" Mwingine akatema mate. Nilimtafuta baba kwa macho upande wa wanaume, nikaona shingo yake imeinama, na hakuna aliyekuwa amekaa karibu naye tena.

Ndipo mama alipopiga kelele.

"Kichwa! Angalieni kichwa ya mutoto!"

Hakuna aliyeelewa. Alisimama, akapita juu ya miguu ya watu, mtoto mgongoni, mpaka karibu na kitambaa. Picha ilikuwa imekwisha. "Rudisha!" alimwambia karani. Karani akasema hairudishwi. "Rudisha!" mama akapiga kelele tena, na wanawake waliomzunguka, hata kabla ya kujua kwa nini, wakadakia. Rudisha! Rudisha! Uwanja mzima ukawa unapiga makofi kwa neno hilo moja. Mzungu hakujua Kiswahili cha kutosha. Alidhani tumeipenda. Alisimama kando ya mashine yake, uso umemjaa furaha, akawageuzia watu kofia yake kwa salamu, akairudisha.

Mama alinyoosha mkono, na kivuli cha mkono wake kikaanguka juu ya picha.

"Hapa niko na mutoto, munaona? Iko na nywele. Haya. Hapa iko na mama. Nywele iko wapi? Mama amenyoa! Haya. Hapa niko naye tena. Iko na nywele!"

Mkunga mmoja mzee, aliyezalisha nusu ya watu waliokaa pale, akainuka. "Ee! Nywele ya tumbo imenyolewa, imeota tena, na bugali bado moto!"

Weh! Kicheko kilianzia upande wa wanawake, kikavuka kwa wanaume, watu wakalala chini. Kila mwanamke pale alijua nywele zile hunyolewa mara moja, na nani, na kwa nini. Rudisha! Mzungu akarudisha. Nywele! Hana! Nywele! Hana! Tulikuwa tunaimba sasa. Karani peke yake ndiye aliyeelewa. Alisema kitu katika bomba lakini hakusikika, mwisho akaliweka chini. Mzungu alikuwa anapiga makofi pamoja nasi.

Nilidhani imekwisha. Nilimkimbilia mama, nikamkumbatia kiunoni. Lakini wajomba walikuja mpaka pale mbele, na mkubwa alikuwa anajifuta uso.

"Basi, tumeona. Ni uongo wa Mzungu," alisema. "Lakini Wamaza hawakuona nywele. Waliona mama anacheka. Sisi tutapita wapi? Dada aje kwanza, maneno yapoe, halafu tutaangalia."

"Mpaka lini?" mama akauliza.

"Mpaka yapoe."

Nilisikia mikono ya mama inalegea juu ya mabega yangu. Ilikuwa inalegea kweli. Alikuwa amechoka, na hawa walikuwa kaka zake.

Bibi akaja. Alitoka nyuma, akachechemea na fimbo yake katikati ya watu mpaka kwenye mwanga wa mashine, ambayo ilikuwa bado inawaka juu ya kitambaa kitupu. Hakujifunika. Kitambaa chake kilikuwa mabegani, na kichwa chake cheupe kilionekana na kila mtu, na baba alikuwa pale pale, hatua chache tu. Baba alipomwona aligeuka upesi akampa mgongo, akabaki amesimama hivyo, akimtunzia haya yake ambayo yeye mwenyewe alikuwa ameiacha.

"Niliwaambia sikula naye," bibi aliwaambia wanawe, wala hakupaza sauti. "Mulisema nadanganya. Nguo nyeupe ya sinema ikasema, mukaamini. Leo nguo hiyo hiyo imewaonyesha nywele, mumeamini tena. Mimi nikisema, nani anaamini? Niliwanyonyesha mimi, ao iliwanyonyesha nguo?"

"Mama, watu wanasikia," alisema mjomba mdogo.

"Wasikie! Na nasema hivi. Hata kama angekula mbele yangu, hata kama angekula ndani ya mukono wangu huu, binti yangu haendi. Mzungu alikuja kwa huyu mwanaume, akamwambia, weka mukwe wako pa meza. Akasema hapana. Mbele ya Mzungu! Kwa ajili ya haya yangu mimi." Aliwaangalia mmoja, kisha mwingine. "Ninyi mumeshamwambia nani hapana, isipokuwa dada yenu?"

Mjomba mkubwa alifungua mdomo, na nilitaka aseme kitu, kitu chochote, ili bibi ampige kwa fimbo. Hakusema. Injini ya lori ilizimwa na tukabaki katika giza, watu wakaanza kuinuka na kutafuta watoto wao.

Mama alinipa mtoto nimbebe, akatangulia nyumbani. Tulipofika alikuwa amekwisha kupuliza moto. Akawapikia kaka zake, kwa sababu mgeni ni mgeni hata akikukosea, nao wakala upande wao. Asubuhi waliondoka wawili. Bibi alikataa kurudi nao. Alisema midomo yao ilikuwa mizuri sana ya kuja kutushtaki, basi waitumie kuwaeleza watu wa Wamaza, nyumba kwa nyumba, na yeye atawafuata wakimaliza. Alikaa kwetu mpaka mahindi mapya, akivuta kitambaa usoni kila baba alipokohoa kwenye pembe ya ukuta.

Mama hakuondoka. Aliishi katika nyumba ile mpaka siku alipomzika baba.